Mnyororo Ulitangulia Mchoro

Mtu wa Robanda, kijiji cha Waikoma kando ya Serengeti mkoani Mara, hahitaji kuelezwa bikoni, yaani alama ya mpaka ya mpimaji, ni nini. Mwanzoni mwa karne ya 20 Wajerumani walijenga boma lao la Fort Ikoma katika nchi ya Waikoma, na tangu hapo ardhi ile haijaacha kuwekewa mipaka. Mwaka 1951 serikali ya Waingereza ilitangaza Hifadhi ya Taifa ya Serengeti. Mwaka 1959 mipaka hiyo ikachorwa upya, Ngorongoro ilipotengwa. Mwaka 1974 Operesheni Vijiji ikapita mkoani Mara na watu wakapangwa kwenye mistari ya nyumba. Mwaka 1994 yakatangazwa mapori ya akiba ya Grumeti na Ikorongo. Ikafuata Sera ya Wanyamapori ya 1998, na Robanda ikaungana na vijiji jirani katika Jumuiya ya Hifadhi ya Wanyamapori Ikona, ambayo nayo ina ramani yake na mipaka yake. Kwa kila tangazo kulikuwa na mtu mwenye chombo cha kupimia.

Msanifu majengo ni habari nyingine. Kufika amefika, ila alikuja kwa ajili ya kambi na loji za watalii upande wa kuelekea lango la hifadhi. Nyumba za wenyeji zinasimamishwa na fundi. Anapima kwa hatua, anapigilia vigingi, anafunga kamba, msingi unachimbwa. Zinapanda tofali za kuchoma, inamwagwa lenta, kenchi zinapigwa, bati linafunika. Mchoro, kama upo, umo kichwani mwake.

Kwa nini mpimaji alifika zamani hivyo na msanifu akachelewa? Wengi watajibu kwamba ni umaskini, na hawatakuwa wamekosea sana. Lakini sehemu ya jibu iko mbali na Mara, katika chuo kimoja cha Dar es Salaam ambacho ndicho kilichowafundisha wote wawili, na kiliwafundisha kwa mpangilio huohuo: mpimaji kwanza, msanifu baadaye.

Chuo hicho leo kinaitwa Chuo Kikuu Ardhi. Kilianza mwaka 1956, eneo la Mgulani, kikiwa shule ndogo ya kufundisha upimaji wa ardhi kwa ngazi ya cheti. Tanganyika ya miaka ile ilikuwa na njaa ya wapimaji. Serikali ilihitaji mashamba, viwanja vya miji, barabara na mipaka, na wapimaji wa Kizungu walikuwa wachache na ghali. Ikaamuliwa Waafrika wafundishwe kazi ya usaidizi: kubeba na kuvuta mnyororo wa kupimia, kusoma theodolaiti, kuandika hesabu kwenye daftari la uwandani, kuchora ramani safi ofisini.

Kazi hiyo haikuwa ya upole kama inavyosikika. Mwaka 1951, mwaka uleule wa kutangazwa Serengeti, Wameru wa Engare Nanyuki walifukuzwa kwenye ardhi yao ili kuwapisha walowezi, na mwaka 1952 Kirilo Japhet akaipeleka kesi yao Umoja wa Mataifa, New York. Wananchi wa Tanganyika walikuwa wameshajifunza kwamba mtu anayekuja na mnyororo mara nyingi amemtangulia mtu anayekuja na amri. Vijana walioingia Mgulani mwaka 1956 walijifunza ufundi ambao ndugu zao vijijini waliuogopa. Naona jambo hili halikumbukwi vya kutosha katika sherehe za chuo.

Mwaka 1958 shule ikahamishiwa kwenye kilima kilicho magharibi ya mji, ambacho Waingereza walikiita Observation Hill na ambacho sisi tunakiita Mlimani. Wakati huo Chuo Kikuu cha Dar es Salaam hakikuwepo. Wanafunzi wa kwanza wa sheria walianza masomo Oktoba 1961 katika jengo la TANU, Mtaa wa Lumumba, na chuo hicho hakikupanda kilimani mpaka 1964. Kwa hiyo wapimaji ndio waliotangulia Mlimani, na wasomi wengine wakawakuta. Hata leo eneo la kuelekea huko linaitwa Savei, ingawa shule yenye jina hilo imebadilishwa jina mara kadhaa.

Turudi 1956, kwa sababu mwaka huo Nairobi nako kulifunguliwa chuo. Royal Technical College ilizinduliwa na Binti Mfalme Margaret wa Uingereza, na usanifu majengo ulikuwa miongoni mwa taaluma zake. Mji mmoja ukapata chuo cha kutoa wasanifu. Mwingine ukapata darasa la wasaidizi wa wapimaji. Kenya ilikuwa koloni la walowezi waliotaka nyumba, benki na mahoteli. Tanganyika ilikuwa nchi ya udhamini, iliyotazamwa zaidi kama ardhi ya kupimwa. Pengo hilo halikuzibwa na uhuru, bali liliandikwa upya kwa lugha ya umoja. Mwaka 1963 kilipoundwa Chuo Kikuu cha Afrika Mashariki, Makerere, Nairobi na Dar es Salaam viligawana taaluma kubwa: udaktari ukabaki Makerere, sheria ikaja Dar es Salaam, uhandisi na usanifu majengo vikakaa Nairobi. Mtanganyika aliyetaka kuwa msanifu alipanda basi la Nairobi, au akapanda meli.

Wawili waliosoma ng'ambo wanastahili kutajwa. Anthony Almeida, mzaliwa wa Dar es Salaam mwenye asili ya Goa, alisomea Bombay, akarudi nyumbani na kuchora majengo ya zege yenye kivuli na upepo mwingi. Kanisa la pamoja la Wakristo lililopo Mlimani ni kazi yake. Beda Amuli, Mwafrika wa kwanza wa Tanzania kuwa msanifu majengo, alisomea Technion, mjini Haifa, Israel, kisha akafungua ofisi yake Dar es Salaam. Soko la Kariakoo la miaka ya 1970, lenye miavuli ya zege na sehemu ya shimoni, lilitoka kwenye meza yake. Liliungua Julai 2021, na wengi ndipo wakauliza kwa mara ya kwanza nani alilichora. Nchi ilikuwa na msanifu wa kiwango kile, lakini haikuwa na mahali pa kumzalisha wa pili wake.

Mlimani penyewe ushahidi ulikuwa mbele ya macho. Kampasi mpya ya chuo kikuu ilipangwa na Norman & Dawbarn, kampuni ya Uingereza, na majengo yake ni miongoni mwa kazi nzuri za usanifu wa kitropiki tulizonazo: nguzo zinazoinua jengo kutoka mtelemkoni, vibaraza vya kupita mvua ikinyesha, kuta zilizotobolewa ili hewa ipite. Ukumbi wa Nkrumah ulipendwa hata ukawekwa kwenye noti ya shilingi 500. (Sarafu iliyokuja kuchukua nafasi ya noti hiyo ina nyati, jambo ambalo mtu wa Robanda anaweza kulipokea kwa tabasamu lake.) Upande wa pili wa kilima, shule ya wapimaji ilikuwa na madarasa ya kawaida tu. Wanafunzi wake waliweza kukipima kilima chote, wakakuchorea kontua zake, lakini hakuna aliyefundishwa kuchora ukumbi wa kukaa juu yake.

Mabadiliko yalikuja mwaka 1972. Shule ikawa Chuo cha Ardhi, na masomo ya mipango ya miji na vijiji yakaingizwa. Katika miaka hiyo ya 1970 chuo kikawa pia na usanifu majengo, ukadiriaji majenzi, na usimamizi na uthamini wa ardhi, na masomo yakafika ngazi ya stashahada ya juu. Tazama muda wenyewe. Mwaka 1972 serikali ilipeleka madaraka mikoani na kuhitaji watu wa kukaa kwenye ofisi za mikoa. Mwaka 1973 iliamuliwa makao makuu yahamie Dodoma na Mamlaka ya Ustawishaji Makao Makuu ikaundwa. Mwaka huohuo ilianzishwa Benki ya Nyumba Tanzania. Mwaka 1974 ulianza mradi wa viwanja na huduma, ulioipa Dar es Salaam Sinza na Kijitonyama za leo na kuboresha makazi ya Manzese. Nchi ilitaka wachoraji kwa haraka kuliko ilivyowahi kutaka kitu chochote cha kitaaluma, labda walimu na waganga tu ndio waliopita.

Skuli ya usanifu iliyozaliwa hivyo ilikuwa na sura yake. Kwingineko duniani shule nyingi za usanifu zilitokana na vyuo vya sanaa au vya uhandisi, na msanifu alikua akijiona ndugu wa mchongaji au wa mjenzi wa madaraja. Hapa alizaliwa katika nyumba ya wapimaji. Jirani yake wa upande mmoja alikuwa mthamini anayejua bei ya kiwanja, na wa upande mwingine mkadiriaji anayejua bei ya nondo na kokoto. Mpangaji miji alikuwa ng'ambo ya uwanja. Kwa maoni yangu hiyo ndiyo hazina kubwa ya chuo kile, kupita jengo lolote lililosimamishwa pale. Mwanafunzi alijua mapema kwamba nyumba ina mwenye ardhi, ina gharama, ina jirani, ina bomba la maji lisilofika.

Ndani ya studio maisha yalikuwa yaleyale ya studio zote za zama zile. Meza za kuchorea zimeinamishwa, karatasi ya kalki imebandikwa kwa utepe wa gundi, kalamu za wino zenye ncha za unene tofauti zimepangwa, na wembe uko karibu wa kukwangua mstari uliokosewa. Kazi ikitaka nakala, inapelekwa kwenye mashine ya amonia inayowasha macho. Usiku wa kuamkia siku ya kuwasilisha, taa hazizimwi. Asubuhi mwanafunzi anasimama mbele ya ukuta uliojaa michoro yake na kuulizwa maswali na walimu hadi jasho limtoke. Jengo la skuli ya usanifu hupimwa kwa hilo: lina ukuta wa kutosha wa kubandika kazi, lina mwanga wa kutosha wa kuchora bila kuumiza macho, na linaruhusu mtu wa mwaka wa kwanza kupita na kuona wa mwaka wa nne anafanya nini. Uzuri wa nje unafuata baadaye.

Wakati studio hizo zikianza, Operesheni Vijiji ilikuwa uwandani. Mwalimu Nyerere alikuwa ametamka Novemba 1973 kwamba kuishi vijijini ni amri, na hadi 1976 mamilioni ya watu walikuwa wamehamishwa. Wapangaji wa makazi waliosomea walikuwa wachache mno kwa kazi ya ukubwa huo. Mahali pengi vijiji vilipangwa na viongozi kwa kamba na macho, nyumba zikafuata barabara, mashamba yakabaki mbali. Nchi ya Waikoma, Wanata na majirani zao, ambao miji yao ya asili ilizungukia zizi na ukoo, ilijikuta ikipewa mistari iliyonyooka. Ingekuwa haki kusema chuo kilifika kimechelewa miaka kumi. Hata kama kungekuwa na wasanifu na wapangaji mia mbili wenye stashahada mwaka 1974, huenda mistari ileile ingechorwa, maana amri ilitoka juu. Hata hivyo angalau mtu fulani angeuliza zizi litakaa wapi.

Jambo ambalo skuli ilijifunza kutokana na miaka ile lilionekana baadaye. Mwaka 1979, kwa msaada wa Waholanzi, chuoni kilianzishwa kituo cha masomo ya nyumba, na ndipo watafiti wakaanza kwenda kule ambako serikali ilikuwa haitaki kutazama: makazi yaliyojengwa bila kupimwa. Dar es Salaam ilikuwa inakua kwa mikono ya wenyewe. Watu walinunua kipande cha shamba kwa maandishi ya mjumbe na mashahidi, wakajenga nyumba ya Kiswahili yenye korido katikati, vyumba pande mbili na uani nyuma, wakapangisha chumba kimoja ili kumalizia kingine. Ramani za mji za 1949, 1968 na 1979, zote zilizoandaliwa na kampuni za nje, zilikuwa na rangi nzuri, lakini zaidi ya nusu ya mji haikuishi ndani ya rangi hizo.

Walimu na wanafunzi wa Ardhi wakaanza kuzipima nyumba hizo kama zilivyo. Hapo ndipo chuo cha wapimaji kilipogeuza chombo chake. Utepe uleule uliotumika kuweka mpaka ukatumika kujua chumba cha mpangaji kina upana gani, uani unatumiwa na nani saa ngapi, choo kiko umbali gani na kisima. Lusugga Kironde aliandika juu ya ardhi ya mjini na namna inavyopatikana. Wilbard Kombe na Alphonce Kyessi waliandika juu ya makazi yasiyopangwa na jinsi wakazi wanavyojisimamia. Huko Hanna Nassif, Kinondoni, katika miaka ya 1990, chuo kilishiriki katika mradi ambao wakazi wenyewe walichimba mifereji na kujenga njia za mtaa wao, badala ya kubomolewa. Huba Nguluma, msanifu na mwalimu wa chuo hicho, alifanya utafiti wa shahada ya uzamivu, uliotoka Stockholm mwaka 2003, juu ya jinsi wakazi wanavyozigeuza nyumba zao hatua kwa hatua. Kwangu mimi, hizo ndizo kazi za usanifu ambazo skuli hii itakumbukwa kwazo, ingawa hazina picha ya kuweka kwenye noti.

Kuhusu vyeo, habari ni fupi. Stashahada ya juu ilimnyima mhitimu nafasi mbele ya mwenzake wa Nairobi mwenye shahada, ingawa mezani walifanya kazi moja. Mwaka 1996 chuo kikawa sehemu ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, kwa jina la UCLAS (University College of Lands and Architectural Studies), na kikaanza kutoa shahada. Mwaka uliofuata ikapitishwa sheria ya kusajili wasanifu majengo na wakadiriaji majenzi, ikabadilishwa na nyingine mwaka 2010. Mwaka 2007 chuo kikawa chuo kikuu kamili, na baadaye usanifu ukakaa katika skuli moja na uchumi na menejimenti ya ujenzi. Kompyuta zikafukuza wembe na amonia. Makerere ilikuwa imeanzisha usanifu wake tangu 1989. Nairobi haikuwa tena mlango pekee.

Sheria ya usajili ilileta pia jambo ambalo halikusudiwa. Michoro yenye muhuri ikawa sharti la kibali cha ujenzi mjini, na kibali kinaombwa kwa kiwanja kilichopimwa. Msanifu akafungwa kwenye bikoni kisheria. Mahali ambapo ardhi haijapimwa viwanja, hana mlango rasmi wa kuingilia. Ndiyo maana nasema mpangilio wa 1956 haujaisha. Kijiji kama Robanda kina mipaka ya kila aina kuzunguka nje yake, na Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya 1999 inakitambua, lakini ndani ya mipaka hiyo mwananchi anajenga kama alivyojenga baba yake, pamoja na bati.

Na maswali ya ujenzi ya Robanda ni magumu kuliko ya Masaki, mtaa wa matajiri Dar es Salaam. Tembo akinusa nafaka hasubiri mlango. Ghala lijengweje, na likae wapi kati ya nyumba na shamba? Tofali za kuchoma zinakula kuni, na kuni zinatoka kwenye pori ambalo kijiji chenyewe kimekubali kulihifadhi kwa ajili ya mapato ya utalii. Wakala wa Taifa wa Utafiti wa Nyumba na Vifaa vya Ujenzi una tofali za udongo na saruji kidogo, zinazofungamana bila kuchomwa. Kwa nini zisionekane zaidi huku? Bati linaunguza mchana na kupiga kelele mvua ikinyesha. Dari ya bei nafuu ni ipi? Kijana akijenga chumba cha kumpangisha mfanyakazi wa kambi ya watalii, nyumba ya mzee na zizi vikae vipi? Haya ni maswali ya mwaka wa tatu wa studio, na hayana jibu kwenye vitabu vya London.

Kanda ya Ziwa haiko tena nje ya ramani ya elimu ya juu. Butiama kuna Chuo Kikuu cha Kilimo na Teknolojia cha Mwalimu Julius K. Nyerere. Chuo Kikuu Ardhi nacho, katika mradi wa serikali wa elimu ya juu unaogharimiwa kwa mkopo wa Benki ya Dunia, kinajenga kampasi Mwanza, wilayani Sengerema, ng'ambo ya ghuba ambayo tangu Juni 2025 inavukwa kwa daraja la kilomita 3 la Kigongo–Busisi. Kampasi hiyo isije ikawa nakala ndogo ya Mlimani inayofundisha kuchora maghorofa ya Dar es Salaam mbele ya ziwa. Walimu wake wachukue basi moja la wanafunzi kila mwaka, wapite Lamadi na Bunda, waingie Mugumu na Robanda, wakae na mafundi wiki mbili, wapime nyumba, mazizi na maghala, kisha wayachore na kuwaachia wanakijiji michoro hiyo kwenye ofisi ya serikali ya kijiji. Safari hiyo haihitaji sheria mpya wala bikoni hata moja. Inahitaji mafuta ya basi, kibali cha mwenyekiti wa kijiji, na mkuu wa idara aliye tayari kuandika barua.